Mitumbwi Miwili Mwezini

Mimi Shadia binti Mwinshehe sipendi michezo ya kompyuta, na ninasema mapema ili mtu asije akadhani nimebadilika. Duka langu liko Gungu, Kigoma, mkabala na kijiwe cha bodaboda. Natoa fotokopi, napiga picha za pasipoti, ila kazi inayoniweka mjini hasa ni kuhariri video za harusi. Kwa ajili ya video hizo nilinunua kompyuta moja yenye nguvu, na hakuna mtu aliyekuwa akiigusa zaidi yangu.

Ulikuwa mwaka 2016, mwaka wa pili tangu wakimbizi wa Burundi waanze kumiminika kwetu. Asubuhi moja aliingia kijana mrefu, mwembamba, jicho la kushoto limefunikwa pamba. Akaniamkia, "Shikamoo mama." Nikaitikia, halafu nikamwambia dada inatosha, kwa sababu nilikuwa na miaka thelathini na tisa tu na ile "mama" ilinikaa vibaya. Alisema anaitwa Emmanueli, kwao Rumonge, sasa yuko kambini. Alikuwa amepewa kibali cha siku kumi na nne kuja mjini kutibiwa jicho, na alifikia kwa shangazi yake Rozalia huko Katubuka. Aliomba kufungua flashi yake kwenye kompyuta yangu kubwa, kwa sababu zile ndogo mbili za wateja zilikuwa zimemshinda.

Nikadhani ni barua au vyeti, nikamwachia. Nilipogeuka kutoka kwenye fotokopi nikakuta kwenye kioo changu cha harusi imesimama roketi.

Nilimwambia achukue flashi yake na aende. Kwa kweli nilisema maneno mengi zaidi ya hayo. Alisikiliza mpaka nikaishiwa pumzi, kisha akaniomba dakika tano za kunieleza, na nikampa kwa sababu sikuwa na mteja.

Alikuwa na kaka yake, Gideon. Waliipata hiyo game ya kurusha vyombo angani wakiwa bado wanasoma, wakaipenda mpaka wakaanza kuiongezea vipande vyao wenyewe. Vipande hivyo wachezaji wanaviita modi: mtu anachora injini yake, au tangi lake la mafuta, au bawa, anavipakia kwenye mtandao, na wengine wanavishusha na kuvitumia. Wenzao wa nchi nyingine walichora roketi za maana. Hawa wawili walichora mitumbwi, kwa kuwa ndiyo waliyoijua. Modi yao ilikuwa na mitumbwi miwili, miti ya kuifunga pamoja, na kila kitu kinachofanana na chombo cha kuvulia dagaa. Miaka miwili walijaribu kukifikisha chombo hicho mwezini wakashindwa. Gideon alikuwa akisema hakiwezekani, ni kizito mno. Emmanueli akisema kinawezekana. Waligombana juu ya jambo hilo hadi wakanyimana salamu.

Mwaka uliopita, siku ya kukimbia, boti zilikuwa mbili. Emmanueli alipanda ya kwanza kwa sababu ndiyo iliyokuwa na nafasi ya mtu mmoja. Gideon alibaki kupanda ya pili. Ya kwanza ilifika Tanzania. Ya pili, mpaka siku ile anaongea na mimi, hakuna aliyejua iliishia wapi.

Nikamuuliza kwa nini asimwandikie basi kwenye huo mtandao. Alisema ameandika mara tano, kwa simu za watu, chini ya ukurasa wa modi yao. Hakujibiwa. Nywila ya ukurasa alikuwa nayo Gideon peke yake. Na isitoshe matapeli walikuwa wamejaa siku hizo, wanachukua majina ya watu waliopotea na kujifanya ndugu. "Kaka yangu hawezi kuamini maneno," alisema. "Ila hiki chombo kikitua mwezini, nikaweka picha, hatavumilia, dada. Kama yuko hai, lazima ataangalia."

Kama yuko hai. Alilisema hilo taratibu, jicho lake moja likiangalia sakafu yangu. Nilimwambia anaweza kuja kila siku mchana wakati mimi nakula, na kwamba akiharibu kitu nitamla yeye.

Sasa lazima nimtaje Elieza. Ni nahodha wa chombo cha dagaa, mtu wa Buzebazeba, wazee wake walivuka kutoka Kongo zamani. Sisi tunamwita Baba Agape kwa jina la binti yake. Ziwani kwetu dagaa wanavuliwa kwa taa. Mitumbwi miwili inafungwa pamoja kwa miti, wavu unashushwa katikati, taa zinawashwa, dagaa wanaufuata mwanga wenyewe. Mwezi ukiwa mkubwa taa hazina kazi, dagaa wanatawanyika, na wavuvi wote wanakaa nchi kavu siku kumi au zaidi. Ndizo siku wanaume wanapopatikana nyumbani, kwa hiyo ndizo siku za harusi, na kwangu ndizo siku za msongamano.

Agape alikuwa ameolewa Jumamosi. Elieza hakuwa na kazi, akawa anakuja dukani kila mchana kuulizia video. Kisa hasa alitaka kujiona alivyocheza. Siku ya pili ya Emmanueli aliingia, akamkuta kijana kwenye kiti changu, na kwenye kioo mitumbwi miwili imesimamishwa wima, makalio chini, injini za roketi zimefungwa nyuma.

Elieza akavuta kigoda. Aliuliza mambo matatu: ile ni mitumbwi ya nani, inakwenda wapi, na kwa nini imefungwa vibaya.

Emmanueli alimjibu kwa adabu kwamba inakwenda mwezini. Nilingoja mzee acheke. Hakucheka. Alisema huyo mwezi anamfahamu, wana kesi ya muda mrefu, kila mwezi anamfungia kazi siku kumi, na kama kuna mtu anamfuata kwake yeye yumo.

Urushaji wa kwanza ulikuwa aibu. Chombo kilipanda kidogo, mtumbwi wa kulia ukataka kutangulia, wa kushoto ukakataa, miti ikapinda, kikageuka na kutuangukia kwa moto mkubwa. Wa pili ulikuwa hivyo hivyo. Wa tatu mtumbwi mmoja ulikwenda zake peke yake, ukapotea juu kabisa, na wa pili ukabaki chini na miti yote. Nilicheka mpaka mteja wa picha za pasipoti akaniuliza kama bado nafanya kazi. Emmanueli alikuwa anafanya hesabu kwenye karatasi yangu ya fotokopi, upande wa nyuma, namba ndogondogo.

"Kijana, acha namba," Elieza alisema. "Umefunga miti kama mtu anayefunga gunia la mkaa kwenye baiskeli. Hapa panacheza, na hapa panacheza. Funga mshazari. Kamba itoke kichwa cha huyu iende mkia wa yule, na ya yule ije kwa huyu."

Ndani ya ile game kumbe kamba zipo, za chuma. Emmanueli alizifunga mshazari kama alivyoelekezwa, tena kwa kunyooshewa kidole kimoja kimoja, "siyo hapo, hapo." Urushaji wa nne chombo kilikwenda juu kimenyooka, kikatoka mawinguni, kikatoka kwenye hewa, kikabaki kinaelea kwenye weusi. Emmanueli alisimama. Miaka miwili yeye na kaka yake walikuwa wakipunguza uzito, na tatizo lilikuwa kamba.

Tangu siku hiyo Elieza alijiita fundi mkuu. Alikuja kabla ya Emmanueli na kuondoka baada yake. Mchana wa kula kwangu ukawa saa mbili, kisha tatu. Mimi sikupenda, ila nilikuwa nasimama nyuma yao na kisamvu changu mkononi, na bila kujifunza nikajua kitufe cha kuongeza moto, cha kupunguza, cha kugeuza pua, cha kushusha miguu. Usiniulize namna gani. Mtu akikaa jikoni ananukia moshi.

Mzozo wao mkubwa ulikuwa juu ya taa. Kwenye modi ya kwenye flashi kulikuwa na taa za kuvulia, za kuning'inia kwenye ncha za miti. Emmanueli hakutaka kuziweka, zinakula umeme wa chombo bure. Chombo chenyewe kilikuwa kinapata umeme wa sola, na betri yake ilikuwa moja, ndogo. Elieza alisema hajawahi kuona chombo cha dagaa kisicho na taa, na kama hakuna taa yeye anajitoa kwenye kazi. Kijana akaziweka nne ili kulinda amani.

Honorata, mke wa Elieza, alikuja siku ya tisa. Alikuwa na wageni wa harusi kutoka Kalemie, ng'ambo ya ziwa upande wa Kongo, ambao walikuwa wanasubiri video ili waondoke, na kila jioni mume wake alikuwa akirudi na habari kwamba Shadia bado anashughulika. Alisimama mlangoni, akamwona mume wake anashughulika. Kilichofuata sikiandiki. Usiku ule niliimaliza video, nikamkabidhi asubuhi, na Elieza akakatazwa kukanyaga Gungu kwa siku mbili.

Tukafika siku ya kumi na tatu. Kesho yake asubuhi Emmanueli alitakiwa kupanda basi la kurudi kambini. Chombo kilikuwa kimeshafika kwa mwezi, kinauzunguka, kinangoja kushuka. Kilikuwa kimebakiwa na mafuta ya kutua mara moja, hayatoshi kubahatisha. Emmanueli alikuwa na miadi ya mwisho ya jicho hospitali. Alinieleza mpango wote: akirudi saa tisa atashusha upande wenye jua ili sola ziendelee kulisha chombo, atapiga picha, ataipakia, mtandao wetu ukipenda. Akaniomba nisiruhusu mtu yeyote aguse. Nikaapa.

Saa saba Elieza akaja, adhabu yake imekwisha. Mwezi ulikuwa umeshaanza kupungua na usiku ule alikuwa anarudi ziwani, kwa hiyo hata yeye ilikuwa siku yake ya mwisho. Alikaa kwenye kigoda, akatazama chombo kinazunguka. Kikawa kimeingia upande wa giza.

Akasema, taratibu, kama mtu anayeongea na nafsi yake, kwamba hapo sasa ndipo mahali pa kushuka. Nikamwambia kijana atashuka kwenye mwanga. Elieza aliniangalia kwa huruma. Aliniuliza mimi nimeona wapi watu wanashusha taa kwenye mwanga. Mwanga ndio unaowaweka watu nyumbani. Taa ni za giza, chombo ni cha giza, yule kijana ana jicho moja bovu na ana mawazo, atasahau. Isitoshe saa tisa umeme huwa unakatika.

La umeme lilikuwa kweli. Mji wetu ulikuwa unaendeshwa na jenereta na zilikuwa zikichoka wakati wowote. Niliona kama kijana anarudi anakuta kompyuta imezimika, na kesho yake basi. Nikasema moyoni, Shadia, vitufe unavijua.

Nilikaa kwenye kiti. Elieza aliwasha taa zote nne kwa kidole chake mwenyewe, kisha akaanza kuniongoza kama anavyoongoza vijana wake wanaposhusha wavu: polepole, polepole, shikilia, usivute. Niliongeza moto, nikapunguza, nikaongeza. Taa zilianza kuangaza chini, tukaona udongo wa kijivu unakuja. Miguu nilishusha dakika ya mwisho. Mtumbwi wa kulia uligusa kwanza, ukadunda, wa kushoto ukafuata. Kikatulia.

Elieza alivua kofia. Mitumbwi miwili imetua mwezini, taa nne zinawaka, duara la mwanga chini yake na giza pande zote, na mimi ndiye niliyeitua. Nilipiga picha. Halafu nikafanya ninachofanya kila baada ya dakika mbili kwenye kila video ya harusi, kwa kuwa umeme wa Kigoma umeniliza mara nyingi: nikahifadhi kazi, juu ya ile ya zamani.

Dakika moja baadaye taa zikafifia. Halafu zikazima. Betri ile ndogo ilikuwa imekwisha, na jua halikuwepo la kuijaza. Chombo hakikusikia kitufe chochote tena.

Emmanueli alirudi saa tisa kasoro, pamba imetolewa, macho mawili yanaona. Aliangalia kioo cheusi. Alijaribu kurudisha nyuma, akakuta hakuna nyuma, nimeifuta mimi. Elieza alianza kueleza kuhusu giza na taa, akaishia katikati.

"Ningerusha kingine," Emmanueli alisema, "lakini inachukua siku nne."

Nilimwambia tupakie hii picha basi, si kimetua? Alikataa. Gideon ataona chombo kimetua gizani, hakina umeme, kosa ambalo hata mtoto wa siku ya kwanza halifanyi. Atajua hiyo siyo kazi ya ndugu yake, ataona ni tapeli mwingine, tena mjinga. Alichomoa flashi yake, akaifuta kwa shati, akaniambia asante dada. Hakunigombeza. Ningependa angenigombeza. Nililia mbele ya Elieza na sikujali, na Elieza akasema kosa ni lake, akaenda zake ziwani bila kuaga vizuri.

Asubuhi basi liliondoka. Mimi nilifungua duka, nikakaa mbele ya ile picha, hasira zimenijaa, na mtu wa kumkasirikia ni mimi. Nikajiandikisha kwenye huo mtandao kwa jina langu, nikatafuta ukurasa wa mitumbwi, nikaipakia picha. Ilichukua saa mbili na umeme ulikatika mara moja. Chini yake niliandika: "Chombo hiki kimejengwa na Emmanueli wa Rumonge, hapa Gungu, Kigoma. Kamba ni za mzee Elieza. Aliyekitua gizani ni mimi mwenye duka, Emmanueli hakuwepo, msimlaumu." Nikaweka namba yangu ya simu.

Siku ya kwanza kimya. Siku ya pili mtu mmoja asiyejua Kiswahili aliweka alama ya kucheka. Siku ya tatu, mchana, nikiwa nakata picha za pasipoti, kukaja maandishi marefu. Niliyasoma nimesimama. Halafu nikakaa nikapiga simu kambini, kwa ile namba ya jirani yake ambayo Emmanueli aliniachia, na nikasubiri wamwite. Nilisikia miguu inakimbia.

Nilimwambia asiseme kitu, asikilize tu. Nikasoma kama yalivyoandikwa:

"Mama mwenye duka, nani alikufundisha kutua usiku na chombo cha sola chenye betri moja? Nimeangalia picha hii nikaumwa kichwa. Betri ziwe sita. Hizo kamba za mshazari ni akili nzuri, mpe mzee heshima zangu. Lakini niambie hizo taa mmezitoa wapi. Taa hizo nilizichora mimi, wiki moja kabla hatujaondoka nyumbani, na sikuzipakia popote. Ziko kwenye flashi moja tu duniani. Picha za mchana wanazoniletea matapeli ni nyingi, mchana taa hazionekani. Hizi nimeziona. Mimi niko Kalemie, natengeneza simu sokoni. Mwambie huyo bwana mwenye flashi kwamba miguu ya chombo ameiweka nyuma mbele, kama kawaida yake."

Nilipomaliza nikaita, Emmanueli, upo?

"Soma tena," alisema.

Nikasoma tena, yote. Nilipofika kwenye miguu nilimsikia analia waziwazi, kwa sauti, na watu waliomzunguka wanamuuliza kuna nini, nani amekufa.

"Iko sawa," alisema. "Dada, mwandikie sasa hivi, kabla hajaondoka hapo. Mwambie miguu iko sawa."